Wafilipino na programu zao sita: jibu kwa msomaji wa Ajman

Barua imetoka kwa dada mmoja wa Tanga aliyeko Ajman, Falme za Kiarabu. Anafanya kazi saluni na analala chumba kimoja na wanawake watatu wa Kifilipino. Kwa ufupi anasema hivi:

"Shikamoo mwalimu. Wenzangu hawa kila mmoja ana programu tano au sita za kuongea na watu, nyingine sijapata kuzisikia. Mama wa mmoja yuko kwenye hii, mume wa mwingine yuko kwenye ile, na kikundi chao cha kuchangishana kiko kwingine kabisa. Mimi nina WhatsApp tu, na simu zake huku hazipiti, mama yangu namsikia kwa sauti za kurekodi. Sasa wananishawishi nijiunge na programu moja inayotoa zawadi ukirusha video. Kwa nini wasitumie WhatsApp kama watu wengine? Niwafuate au nibaki nilipo? Halafu kuna mmoja huwasha video saa saba usiku, haongei, simu ameiegemeza ukutani tu. Ni mambo gani hayo?"

Marahaba, mwanangu. Nimekaa Sharjah na Wafilipino ukuta kwa ukuta, na sasa nafundisha matumizi ya simu kwa vijana wanaojiandaa kwenda Ghuba. Swali lako nalijua hadi harufu ya samaki mkavu wanayemkaanga asubuhi. Lile la saa saba usiku nitalirudia mwishoni, kwa sababu bila haya mengine halieleweki.

"Watu wengine" uliowataja ni sisi. Kwetu mtu akisema "nitumie" hakuna anayeuliza wapi. Ufilipino WhatsApp ni mgeni, watu wako Messenger ya Facebook, na nyuma yake Viber. Na hawakuhamia Messenger kwa utamu wake, waliifuata kwa bei. Mwaka 2013 kampuni ya simu ya Globe ilitoa ofa ya Facebook bila kukata salio, na 2015 wapinzani wao Smart wakaingia na Free Basics, huduma ya bure ya Facebook yenyewe. Mtu asiye na hata senti kwenye laini aliweza kusoma ujumbe na kujibu, ingawa mara nyingi picha hazikufunguka. Sasa fikiria mama mkulima wa kisiwani, simu ya bei ya chini, bando hana. Binti yake akiwa Ajman, au Milan, au Hong Kong, atamfuata mama hukohuko alipo. Aliye ng'ambo ndiye mwenye mshahara, lakini programu imechaguliwa na mfuko wa aliyebaki nyumbani.

Hapa kuna jambo ambalo Mkenya hapendi kulisikia. Uchumi wa kadogo, ule wa kununua mafuta ya kupimiwa na sabuni ya kipande, Wafilipino wanauita tingi, na vibanda vyao vya mtaani, sari-sari, vimejaa vipakiti vya shampuu na sigara za mojamoja. Smart walianza kuuza salio kwa mtindo huo mwaka 2003, vijisehemu vidogo vinavyoingia kwa ujumbe bila kadi ya kukwangua, na mteja akaweza kumrushia mwenziwe peso chache kama tunavyosambaza sisi. GCash, pesa za simu za kwao, ilianza 2004, miaka mitatu kabla ya M-Pesa. Hata kubipu wanako, wanakuita miskol. Kwa hiyo unapomwona mwenzako anahesabu programu gani inakula bando kiasi gani, usidhani ni ubahili wa Dubai. Amekuja nayo.

Tabia ya kuwa na njia nyingi ni ya zamani kuliko intaneti. Serikali yao iliweka kazi ya ng'ambo kwenye sheria mwaka 1974, enzi za Rais Marcos baba, na wanaume wakamiminika Saudia kujenga. Walituma kaseti. Mtu alijirekodi upande mmoja, nyumbani wakajaza upande wa pili, na kaseti ikarudi na msafiri. Leo makadirio ya serikali yao yanavuka watu milioni 10 walio nje, na mwaka 2024 walituma nyumbani zaidi ya dola bilioni 34 kupitia benki. Taifa lenye watu wengi namna hiyo nje hujaribu kila mlango unaofunguka, na mlango ukifungwa linajua kutafuta mwingine.

Na milango imefungwa, tena kwa kishindo. Nitakaa hapa kidogo, maana hapa ndipo penye somo lako la zawadi.

Friendster ulikuwa mtandao wa Mkanada, Jonathan Abrams, uliobuniwa California mwaka 2002. Wamarekani waliuchoka mapema kwa sababu kurasa zilifunguka polepole mno, wakahamia MySpace kisha Facebook. Wafilipino hawakuhama. Kwao Friendster ilikuwa mji. Palikuwa na sehemu ya kuandikiwa sifa na rafiki, wakiita testi, na watu walidaiana hizo testi kama sisi tunavyodaiana michango ya harusi: mimi nilikuandikia, yangu iko wapi? Yaya aliyekuwa Singapore alikuwa na ukurasa wenye muziki na picha ambao binamu zake Cebu waliufungua kwenye kafe ya intaneti, wakilipia kwa saa. Baada ya miaka michache Waasia wakawa ndio wengi mle, kwa mtandao ambao mwenyewe hakuwajengea. Desemba 2009 ukauzwa kwa kampuni ya Malaysia, MOL Global. Mwaka 2011 wenye mali wakatangaza kwamba wanaugeuza kuwa wa michezo, na kwamba picha, ujumbe na testi vingefutwa ifikapo 31 Mei. Aliyepata habari aliokoa picha zake. Aliyekuwa jikoni kwa watu, anayepewa simu siku moja kwa wiki, ungemtarajia aipate wapi hiyo habari? Mwaka 2015 hata huo wa michezo ukasimamishwa.

Multiply, mtandao mwingine, ikafanya vilevile. Ilizaliwa Florida mwaka 2004, nzuri kwa albamu za picha na kwa kuchagua nani aone nini. Wafilipino, ambao kuuza kuko kwenye damu yao kama Wachaga (msinirushie mawe), wakaigeuza duka: mabegi, vipodozi, nguo za watoto. Aliye ng'ambo anapiga picha ya bidhaa, dada yake Manila anapokea oda, na mzigo unasafiri ndani ya boksi la balikbayan, lile boksi kubwa la katoni ambalo wenzako wanalijaza chini ya kitanda. Kampuni ikaona biashara imenoga, ikahamishia makao Jakarta mwaka 2012, na Desemba mwaka huohuo ikaondoa picha, blogu na ujumbe ili libaki duka peke yake. Miezi mitano baadaye, Mei 2013, ikafunga na duka. Kisha Yahoo Messenger, iliyokuwa sebule ya familia zao kwa miaka mingi, mama Roma na watoto Batangas wakitazamana kwa kamera ya kafe, ikazimwa tarehe 17 Julai 2018.

Ndiyo maana mtu mzima wa Kifilipino hakai na programu moja. Ameshahamishwa nyumba mara tatu bila notisi ya maana.

Sasa njoo Ajman. Nchi unayoishi nayo ina neno lake. Falme za Kiarabu haziruhusu simu za intaneti kupitia programu isiyo na kibali, na ndiyo sababu WhatsApp yako inapeleka maandishi na sauti za kurekodi, lakini simu haiiti. Messenger ni hivyohivyo. Badala yake kuna zenye kibali, na inayojulikana zaidi ni Botim. Ilipoanza kuuzwa na kampuni za simu mwaka 2018, kifurushi chake kwenye laini kilikuwa dirhamu 50 kwa mwezi. Hapo utaona kwa nini mama wa mwenzako, bibi wa mashambani, ana Botim kwenye simu yake ilhali Ufilipino haina kazi nayo. Kawekewa na mjukuu ili binti aliyeko huku aonekane uso. Na programu iitwayo imo, ile ya Wamarekani wawili ndugu, ilijipatia jina kwa wafanyakazi wa Ghuba kwa sababu inavumilia mtandao dhaifu na simu chakavu. Kwao Marekani nani anaijua? Lakini Mbangladeshi, Mpakistani na Mfilipino waliokaa Saudia watakusimulia. Saudia ilizuia simu za intaneti hadi Septemba 2017, na tangu ilipolegeza, ramani ya programu za Wafilipino wa Riyadh si ile ya wenzao wa Dubai, ingawa ni mwendo wa gari tu.

Kuna waliojaribu njia ya mkato. Mwaka 2019 ilitokea ToTok, simu za video bure, zinapita bila kifurushi, watu wakaambiana vyumba vyote. Desemba mwaka huo gazeti la New York Times likaandika, kwa kuwanukuu maofisa wa Marekani, kwamba programu ile ilikuwa chombo cha kuchungulia watu. Google na Apple wakaitoa kwenye maduka yao, na wenye programu wakakanusha. Wewe uko hukohuko, kwa hiyo mimi nanyamazia hapo. Na VPN, ile programu ya kuficha uko wapi ili upite penye kizuizi, wenzako wakikuonyesha usiiguse. Sheria ya huko inaweka faini kuanzia dirhamu 500,000 hadi 2,000,000 kwa anayeitumia kutenda kosa au kulificha, na si wewe utakayeamua kosa ni lipi.

Ukitoka Ghuba, anayechagua programu huwa bosi. Korea Kusini, wafanyakazi wa viwandani walioingia kwa mpango wa vibali vya ajira wanaishi na KakaoTalk: msimamizi anatuma zamu humo, mwenye nyumba anadai kodi humo, na Jumapili baada ya misa ya Kitagalogi pale Hyehwa, Seoul, watu wanaulizana kwa hiyohiyo nani ana nafasi kwenye teksi. Taiwan na Japani ni LINE, iliyozaliwa Juni 2011, miezi mitatu tu baada ya tetemeko kubwa la Japani. Anayelea mzee Taichung ana kundi la LINE lenye wakala, mtoto wa mzee na mkalimani. Ni kama ofisi ndani ya mfuko wa aproni, na haifungwi saa kumi na moja jioni.

Ndipo inapokuja akili yao ambayo mimi nawasifu bila kusita. Wanatenganisha. Programu ya bosi haina picha za Jumapili. Programu ya mama haina habari za deni. Na ile ambayo hujapata kuisikia, ndiyo ya wenyewe kwa wenyewe. Facebook kwao ni barazani, shangazi wote wamekaa, na ukiweka picha ya kiatu kipya kesho yake unapata ujumbe wa ada ya shule ya mtoto wa binamu. Nadhani hilo halihitaji tafsiri kwa Mtanga. Mbea wanamwita Marites, jina la mwanamke lililogeuzwa utani, eti kifupi cha "shoga, kuna jipya gani?" Kuhamia programu ndogo ni kumkimbia Marites.

Wengine wanakimbia zaidi ya umbea. Wasio na vibali wanajiita TNT, tago nang tago, maana yake kujificha na kujificha. Hao hawaweki sura barazani. Na hata mwenye vibali anajifunza. Aprili 2020 mwanamke mmoja aliyekuwa akilea wazee Taiwan aliandika Facebook maneno makali juu ya Rais Rodrigo Duterte, na ofisi ya kazi ya Ufilipino kule ikataka arudishwe nyumbani. Taiwan ikakataa, ikasema mfanyakazi mgeni naye ana uhuru wa kusema. Alibaki, lakini wengi waliosoma habari ile walijifunza kusemea kwingine.

Usisahau pia kwamba simu yenyewe si jambo la kudhaniwa. Baada ya mwaka mbaya wa vifo vya wafanyakazi wao na ugomvi wa kidiplomasia, Ufilipino na Kuwait zilitia saini mapatano tarehe 11 Mei 2018, na miongoni mwa yaliyopiganiwa ni mfanyakazi wa ndani kubaki na simu yake. Dada zetu wa Mombasa na Dodoma walioko majumbani Ghuba wanajua uzito wa sentensi hiyo. Nikiwafundisha wanaoondoka huwaambia wakariri kichwani namba mbili, basi. Programu zote sita haziwezi kukusaidia simu ikiwa kabatini kwa madamu.

Tuje kwenye zawadi. Programu za kurusha video zilipata mahali kwa Wafilipino kwa sababu zinaunganisha vitu viwili wanavyovipenda, kuimba na kupeana. Waliowahi kutengeneza ya kwao ni Kumu, kutoka neno kumusta, yaani "hujambo", iliyoanzishwa 2018 na Wafilipino, wakiwemo waliokulia Marekani, kwa kuwalenga hasa walio ng'ambo. Bunge lilipoinyima kituo kikubwa cha televisheni, ABS-CBN, kibali kipya mwaka 2020, Kumu ikazidi kupata watazamaji. Muuguzi akitoka zamu anawasha simu, anaimba, na mtu asiyemjua anamtupia zawadi ya picha yenye thamani ya pesa kidogo. Kumbuka pande mbili za hesabu hiyo: kwa kila anayepokea kuna anayetoa, na anayetoa mara nyingi ni mpweke mwenye mshahara wa jana. Mimi nimeona vijana wa Sharjah wakimaliza dirhamu kwa kumtupia zawadi mwimbaji wasiyemjua hata jina halisi.

Ya hatari zaidi ni ile isemayo pointi zako ni pesa. Lyka, iliyoendeshwa na kampuni ya Hong Kong, iliwapa watu "vito" kwa kuweka picha na kupenda picha za wenzao, na vito vikalipa chakula na mafuta ya gari Manila. Watu maarufu wakaisifu. Julai 2021 Benki Kuu ya Ufilipino ikaiamuru isimamishe malipo hayo kwa kuwa haikusajiliwa kuendesha mfumo wa malipo. Vito vilibaki kwenye skrini tu.

Kwa hiyo kuhusu programu unayoshawishiwa, waulize wenzako mambo matatu mbele ya chai. Wametoa pesa mkononi mara ngapi, si pointi? Ukiingia, aliyekualika anapata nini? Na inaomba picha ya pasipoti au kitambulisho cha ukaaji? La tatu likijibiwa ndiyo, achana nayo hapohapo. Kikundi chao cha kuchangishana ni paluwagan, yaani upatu, na huo ukiwa ni wao wanaofahamiana saluni hauna neno. Ukiwa ni wa mtandaoni, wa watu mia wasioonana, wenye ahadi ya kurudisha maradufu, mamlaka ya mitaji ya Ufilipino imeshaonya mara nyingi kuhusu upatu wa namna hiyo. Na mtu yeyote atakayekuambia kuna kazi ya kompyuta Thailand, tuhamie Telegram tuzungumze, mkate. Wafilipino wamenaswa hivyo kwenye kambi za utapeli za Myanmar na Kambodia, na Wakenya na Waganda wameokolewa kutoka hukohuko.

Niwafuate au nibaki, umeuliza. Chukua moja tu: programu ya simu yenye kibali, hiyo Botim. Lakini haitakufaa kitu kama mama hana. Mpigie mdogo wako Tanga kwa laini ya kawaida, aende na simu ya mama pale penye mtandao mzuri, aiweke, afungue akaunti, na amfundishe kubonyeza sehemu moja tu. Mwezi wa kwanza mama ataziba kamera kwa kidole. Wote huziba. WhatsApp bakia nayo kwa maandishi. Picha zako za thamani ziweke kwenye kadi ya kumbukumbu, na nakala mpe mtu anayerudi nyumbani, kama wao walivyokuwa wakipeleka kaseti.

Sasa yule wa saa saba usiku. Ufilipino iko mbele yenu kwa saa nne. Saa saba ya usiku Ajman, kwao ni saa kumi na moja alfajiri, watoto wanaamshwa kwenda shule. Muulize ana watoto wangapi. Huenda simu iliyoegemezwa ukutani inatazamana na nyingine iliyoegemezwa kwenye chupa ya chai huko kwao, na wanavaa sare mbele yake wakipita na kurudi. Hana la kuwaambia, anawatazama tu. Kama mwanga unakusumbua, mwombe ageuzie skrini upande wake, na hedifoni anunue.